Mwaka Niliofundishwa Kumpa Mtu Mgongo

Mjukuu wangu anayesoma chuo ananiambia kwamba mtu akiandika mambo yake ya zamani anaanza na kuzaliwa kwake, wazazi wake na ukoo. Sitaanza huko. Wazazi wangu walitoka Singida kuja kuchuma kahawa Oldeani, wakachuma, wakazeeka, wakafa, Mungu awarehemu, na katika haya hawamo. Mimi naanza na pilau ya hitima ya Maalimu Idrisa, juzi juzi tu hapa Karatu, kwa sababu ndiyo iliyonirudisha. Pilau yenyewe ilikuwa na mafuta mengi na nyama kidogo, lakini hitima hailaumiwi. Nilikuwa nimekaa mkekani na wanawake wenzangu, nautafuta kwa ulimi mfupa ulionasa kwenye pengo, nikamwona mzee mrefu, shuka nyekundu juu ya koti la suti, anashushwa kwenye bodaboda kama trei ya mayai. Lemburis! Nilidhani alishakufa. Yeye aliponiona hakusalimia hata wafiwa, alisema mbele za watu, "Koko, kumbe bado unatafuna?" Koko kwa Kimaasai ni bibi. Zamani alikuwa akiniita entito, msichana. Wale vijana wa Maalimu wakauliza mzee na bibi mnajuanaje, tukasema tulisoma pamoja na baba yenu. Wakacheka. Mimi niliishia darasa la nne, na Lemburis dawati aliliona dirishani akipitisha ng'ombe. Lakini hatukusema uongo. Tulisoma upepo.

Chama kiliitwa Jamaa wa Upepo. Hakikuwa na muhuri wala kibao mlangoni. Kilikuwa cha watu wachache waliochunguza upepo na uchawi kwa pamoja, kwa kuwa waliona vitu hivyo viwili vinasafiri njia moja: huvioni vikija, unaona tu bati halipo au mtoto anaumwa. Walikaa Oldeani kwenye nyumba ya mawe iliyokuwa ya msimamizi wa shamba la kahawa, sakafu ya mbao inayolia hata ukiwaza kutembea, na madirisha mengi kuliko haja. Siku hizi nasikia imekuwa loji, na wazungu wanalala kwa dola katika chumba tulichokuwa tunachekechea majivu. Wakati ule ilikuwa ya popo na sisi. Huko nje watu walituita wachawi. Sisi kwa sisi tuliitana wanafunzi, hata Mzee Bura aliyekuwa mkuu wetu, Mwiraqw mnene aliyewahi kuwa katekista, mvi mpaka ndani ya masikio.

Mimi sikwenda pale kusoma. Nilikwenda kama mgonjwa. Wachumba walikuwa wakija nyumbani, wanakunywa chai, wanasifu vitumbua, halafu hawaonekani tena, na jirani mmoja akaniambia, Zaina, wewe umetupiwa upepo. Nikaenda. Mzee Bura akarusha majivu dirishani, akayatazama yanavyokwenda, akasema, "Binti, umetupiwa upepo wa upande wa ziwa Eyasi. Una chumvi, ndiyo maana wanaume hawakai." Sijui nilipata wapi ujasiri. Nikamwambia, "Mzee, umejuaje siyo mimi mwenyewe ninayewafukuza? Mama anasema nina mdomo." Kwenye kona kulikuwa na kijana wa Kimaasai ananusa ugoro, ndiye Lemburis, akacheka mpaka akapiga chafya. Halafu akasimama akanigeuzia mgongo. Na yule mwembamba mwenye kanzu, Idrisa, mtu wa Kondoa, akasimama akanigeuzia mgongo. Na Mzee Bura mwenyewe, pamoja na tumbo lake, akajivuta akageuka. Nikasema haya, nimetukanwa, nikakusanya kanga yangu. "Kaa," alisema Idrisa akiwa ameuelekea ukuta. "Umepewa heshima. Rudia ulichosema."

Hiyo ndiyo ilikuwa desturi yao kubwa, na niieleze vizuri maana ndiyo iliyotuponza. Mzee Bura alifundisha kwamba uso ni uchawi mdogo. Machozi, tabasamu, macho ya huruma, vyote vinamroga anayesikiliza. Kwa hiyo mwanafunzi akisema jambo lake zito, wenzake wanampa mgongo wasione uso, wanasikia neno tupu, kisha wanalishuku kwa sauti. "Nakushuku. Nani shahidi?" Neno likishukiwa na likasimama, linaingia katika elimu ya chama. Mtu asiye na maana hakupewa mgongo. Huyo tulimwangalia usoni, tukamkaribisha chai, tukamkubalia kila kitu, akaenda zake amefurahi. Ukikaa pale muda kidogo mwili unazoea wenyewe, kama mkono unavyompiga mbu kabla hujafikiri. Nilikwenda nyumbani Jumapili moja, mama akaanza kunieleza habari nzito za shangazi, nikajikuta nimemgeuzia mgongo. Mwiko ulinipata kisogoni.

Basi nikabaki, mwaka mzima. Nikisema ni kwa ajili ya elimu nitakuwa najipamba. Nilibaki kwa sababu pale palikuwa na watu wanaonisikiliza mdomo wangu, na kwa sababu ya kicheko cha Lemburis, ambaye alikuwa na wake tayari kwa hiyo hilo liishie hapo. Tulikula pamoja kwenye chumba cha moshi, tukikiita hivyo kwa sababu ya lile jiko la ukutani la kizungu lililokuwa linakohoa. Ugali wa dona, maharage, mlenda nikijisikia kupika, na kibuyu cha maziwa mgando cha Lemburis kinachonuka mti uliochomwa. Sahani moja, lakini kila mtu akingoja mwenzake atangulie kumega. Idrisa alinusa tonge kwanza kama paka. Kikombe chake kilifunikwa kisosi wakati wote, hata akiwa amekishika. Kila mtu alifagia kona yake mwenyewe, akaokota nywele zake na kucha zake, akachoma mwenyewe. Nyumba ya watu wanaojua madhara ya unywele mmoja ni nyumba safi sana. Mimi nilicheka wiki ya kwanza. Baadaye nami nikawa nafagia yangu, nachoma, na nikikuta kiti changu kimesogea nauliza ni nani. Ukifundishwa kushuku maneno, huchelewi kushuku viti.

Mwaka ule ulikuja upepo mbaya. Ulitoka chini, Eyasi, wa moto, una vumbi linalouma macho, na ulikuja mahindi yakitoa mbelewele, wakati ambao mahindi ni kama mwanamke mwenye mimba changa, hayataki mshtuko. Upande wa Rhotia, kwenye kitongoji kimoja ambacho jina lake naliacha, mashamba yalikauka yote kwenye mgongo wa kilima, majani ya maharage yakajikunja kama tumbaku. Isipokuwa shamba la Mama Anjela. Mjane, watoto hakuwa nao, ulimi anao. Lake lilisimama kijani katikati ya mashamba yaliyoungua, na shamba la namna hiyo ni hatari kwa mwenyewe kuliko njaa. Wakaanza kusema. Alionekana anaongea peke yake shambani. Alionekana anapeperusha kanga. Halafu wakaja kwetu wazee wao, wakakaa kwenye ngazi, wakaomba Jamaa wa Upepo waje wanuse, waseme upepo ule umetumwa na nani. Hawakusema kama umetumwa. Walisema na nani.

Jioni ile nilikuwa naosha vyombo kwenye chumba cha moshi. Chumba cha pili, alipokuwa anakaa Mzee Bura, kilikuwa na jiko lake, lakini bomba la moshi ni moja kwa vyumba vyote viwili, na moto ukiwa haujawashwa maneno yanashuka upande huu kama masizi. Nikasikia Idrisa anasema, "Wale watu wanataka jina, Mzee." Bura akasema, "Watapata ukweli." Idrisa akasema, "Tukiwapa ukweli usio na jina, watatupa sisi jina. Nyumba hii ina mbao nyingi." Bura akakohoa. "Kwa hiyo unasemaje, Maalimu?" Halafu sauti ikashuka, nikaingiza kichwa changu ndani ya jiko kabisa, nikapata majivu puani, na nilichosikia tena ni neno moja tu, "mwanamke." Mwanamke yupi? Nilisimama pale na sufuria mkononi. Labda walisema kuhusu mjane. Labda walisema mwanamke anaosha vyombo, nyamaza. Tangu jioni ile nikawa namtazama Idrisa kama yeye alivyotazama tonge.

Kesho yake tukaenda kwa Mama Anjela. Alitupokea mlangoni, mikono kiunoni. "Ninyi ndio mnaonusa watu? Nuseni haraka, nina ng'ombe wa kukamua." Lemburis akamwambia, "Yeyo, wewe huna harufu mbaya kuliko mimi," na yeye akamjibu, "Hiyo siyo sifa, mwanangu," akatuwekea viazi vitamu na chai ya maziwa, na Idrisa akainusa. Lemburis alimpenda yule mama saa ile ile. Yeyo kwa Kimaasai ni mama, na hakulisema kwa utani. Tukarusha majivu. Kwenye mashamba ya jirani yaliturudi usoni. Kwenye shamba lake yaliinuka, yakapanda juu ya mstari wa mikaratusi aliyoipanda marehemu mumewe, yakaangukia mbali kule. Basi, ilikuwa miti tu. Tukashukiana pale pale shambani, kila mtu akampa mwenzake mgongo, Mama Anjela akitutazama tunazungukana kama kuku waliokatwa vichwa, akasema, "Na ninyi ndio mnapimwa au mimi?" Neno likasimama: hakuna uchawi. Ila Idrisa alipotea nyuma ya nyumba kwa muda, akarudi taratibu. Nikamuuliza ulikuwa wapi. "Haja," akasema. Sikumwamini. Kwetu kutomwamini mtu haikuwa tusi, ndiyo maana sikupata namna ya kumwonyesha kwamba safari hii ilikuwa tusi.

Siku ya mkutano watu walijaa uwanjani asubuhi, jua limeshapanda, wanaume mbele wameshika fimbo kama wanakwenda mnadani. Palikuwa na meza moja. Mzee Bura alikaa mezani na wakubwa wa kitongoji. Mimi na Idrisa tulisimama bega kwa bega upande wa kulia, na Lemburis nyuma yetu, penye uzio. Mpango ulikuwa rahisi. Mzee Bura angesimama aseme habari ya miti, awape watu wote shauri la kupanda mikaratusi, tuondoke. Lakini mwenyekiti akasema kwanza mtuhumiwa aseme neno lake. Mama Anjela akasogea mbele, kitambaa chake cheupe cha kwenda kanisani kichwani, hakulia, hakupiga magoti. Akasema, "Mimi sikutuma upepo. Ningekuwa na nguvu ya kutuma upepo ningeutuma ukamlete mume wangu."

Nimesikia maneno mengi katika maisha yangu, sijasikia zito kama lile. Na sisi tukafanya kile tulichozoea kufanya neno zito likisemwa. Nilisikia katambuga, viatu vya tairi, zikikwaruza changarawe, nikahisi kanzu ya Idrisa ikipita mkononi mwangu, na mimi nikajikuta natazama uzio. Tulimpa mgongo. Tulimpa heshima ambayo hatukuwahi kumpa mtu yeyote wa nje kwa mara ya kwanza tu akifungua mdomo, isipokuwa mimi. Mzee Bura akatuona, akainuka kitini mbele ya uwanja mzima, akageuka naye. Na Idrisa akaita kwa ile sauti yake nyembamba ya msikitini, "Nakushuku! Nani shahidi?"

Nyuma yetu watu walivuta pumzi kwa pamoja. Hapo ndipo nilipokumbuka tuko wapi. Hatukuwa Oldeani. Tulikuwa uwanjani, na wajuzi walioitwa kutoa hukumu walikuwa wamemgeuzia mjane migongo yao wote wanne. Mtu mmoja akapiga kelele, "Wamemkataa!" na nilipogeuka kitambaa cheupe kilikuwa kimeshaanguka na wanaume wawili wamemshika mikono. Bura alikuwa anapunga mikono, anaeleza miti, nani amsikie. Lemburis alinipita kama ng'ombe dume anavyopita kwenye mahindi, fimbo yake ikafungua njia, mimi nikamfuata mgongoni. Nikamshika Mama Anjela kiunoni, tukatoka naye kwa pembeni kwenye korongo. Mawe yalitufuata, moja lilinipata hapa juu ya nyonga, nikilala upande huu bado linanisalimia. Nilitazama nyuma mara moja. Idrisa alikuwa amesimama pale pale, mdomo wazi, kanzu nyeupe, hakuguswa na mtu. Nikasema moyoni, umepata ulichotaka. Tulipofika juu tukaona moshi upande wa nyumbani kwa Mama Anjela. Yeye akauona pia. Akauliza tu kama kuna mtu amemfungulia ng'ombe.

Lemburis alimpandisha kwa njia za ng'ombe, msituni, mpaka kwenye boma la baba yake huko juu Ngorongoro. Akamjengea kibanda, akamtafutia kuni, wake zake wakamfundisha kupaka kinyesi cha ng'ombe ukutani. Mama Anjela alikaa huko kati ya watu ambao lugha yao hakuijua, kwenye baridi la ukungu, mkulima asiye na pa kulima, anakamua ng'ombe wa wengine. Hakuuawa. Najiambia hilo. Hakuuawa. Lakini hakurudi tena kwenye miti ya mumewe, na kifua kilimchukua baada ya masika kadhaa. Lemburis ndiye aliyemzika.

Chama hakikuvunjwa na mtu. Kilikwisha chenyewe. Jioni tulikaa kwenye chumba cha moshi na mtu akitaka kusema neno, wengine hatukujua tumgeuzie mgongo au tumtazame, tukawa tunakaa ubavu ubavu kama kuku kwenye kijiti. Mzee Bura alituambia aligeuka kwa sababu alituona sisi tumegeuka. Hilo nililiamini, nilimwona kwa pembe ya jicho. Akarudi Mbulu, sikumwona tena. Mimi nikashuka Karatu kuuza vitumbua stendi, nikapata mume asiyeogopa chumvi ya Eyasi. Idrisa naye akaja Karatu akafungua madrasa. Mji ulikuwa mdogo wakati ule, na nilikutana naye sokoni maisha yangu yote. "Salama, Zaina?" "Salama, Maalimu." Na katika kila salama yangu kulikuwa na swali: kwa nini uligeuka wa kwanza? Maana ni yeye. Kanzu yake ndiyo iliyonigusa. Ndiye aliyetaka jina, nilisikia kwenye bomba la moshi. Ndiye aliyezunguka nyuma ya nyumba. Wanangu niliwapeleka madrasa ya mbali, wakitembea juani, sikuwaambia sababu. Mume wangu alisema nina roho ya kutu. Nikamwambia hukuwepo.

Maalimu alipolazwa hospitali mwaka huu nilimpelekea uji. Siwezi kusema nilikwenda kwa huruma. Nilikwenda nimuulize kabla hajaondoka na jibu. Alikuwa amebaki kanzu na macho. Aliunusa uji, nikakaribia kucheka. Akanywa kidogo, akanishika mkono, na kabla sijafungua mdomo akasema, "Zaina, nimekusamehe zamani, lakini niambie. Kwa nini uligeuka?"

"Nani? Mimi?"

"Ulianza wewe. Nilikusikia ukigeuka, ndipo na mimi nikageuka. Nilifikiri umesahau tuko nje. Halafu nikafikiri, labda hakusahau. Ulikuwa unatusikiliza kwenye jiko, nilikuwa naona majivu usoni kwako. Nikasema huyu binti ametumwa na wale wazee wa kitongoji."

"Wewe ndiye uliyetaka jina!"

"Nilitaka tumtoroshe mama wa watu kabla ya mkutano," alisema. "Nilikwenda nyuma ya nyumba kutazama kama kuna njia ya kushukia korongoni. Bura akakataa, akasema ukweli unatosha." Akafumba macho. Sikujua kama nimwamini, na mpaka leo sijui vizuri, mtu wa Jamaa wa Upepo anaweza kuandaa neno lake miaka mingi. Lakini mkono wake ulikuwa umeshika wangu bado. Wiki hiyo akafariki.

Kwa hiyo siku ya hitima, watu walipopungua, nilikaa na Lemburis kibarazani kwa marehemu. Anaishi Ololosokwan sasa kwa mwanawe, alisafiri tangu alfajiri. Wakatuletea chai. Nikamuuliza moja kwa moja, kwa sababu kwa umri wetu ukizunguka unaweza usifike. "Lemburis. Siku ile uwanjani. Aligeuka nani kwanza, mimi au Maalimu?"

"Mlikuwa mnashindania hilo?" Akashangaa kweli. "Mimi."

Nikamtazama miguuni.

"Yeyo aliposema lile neno la mume wake, mimi sikungoja. Niligeuka hapo hapo. Nilitaka ajue yuko na watu wake." Akaweka kikombe chini kwa uangalifu. "Ninyi wawili mlichelewa, koko. Bura ndiyo kabisa, alikuja mwisho. Tungegeuka wote kwa mara moja watu wangeona ni heshima. Wakaona huyu, halafu huyu, halafu huyu, wakafikiri tunamkataa. Nimekaa na jambo hilo. Sikuwalaumu kwa mdomo, lakini nilikuwa na hasira na ninyi, Maalimu na wewe. Nilipokuwa nachimba kaburi la yeyo nilikuwa na hasira na ninyi."

Alikuwa nyuma yetu. Mimi na Maalimu tulisikia viatu vyake, kila mmoja akadhani ni vya mwenzake. Maisha mazima nilimnyima yule mtu salamu yenye moyo, na yeye akaninyima yangu, na wanangu wakatembea juani. Neno la kumjibu Lemburis nilikuwa nalo mdomoni, lilikuwa fupi, mdomo wangu ni ule ule aliousema mama. Nikamtazama. Koti la suti limempwaya, shuka imefifia mabegani. Huyu ndiye aliyembeba Mama Anjela akapanda naye mlima. Huyu ndiye aliyemjengea, akamzika, na kwa hesabu yake katika siku ile yote kuna jambo moja tu alilolifanya sawasawa, kule kugeuka.

"Kweli," nikasema. "Tulichelewa."

Akaitikia kwa kichwa polepole kama mtu aliyelipwa. Kisha akaniangalia usoni kidogo zaidi ya ilivyohitajika, nami sikukwepesha macho, sijui aliona nini. Akasogeza kikombe chake kwangu, akaomba sukari.